Mwalimu wa Bure: Shule za Serikali na Walimu Wake katika Futuhi za Televisheni

1.0 Utangulizi

Katika miji ya Butembo na Beni, mchekeshaji anayetaka kupata kicheko cha haraka hana haja ya kwenda mbali. Avae koti pana lililopauka mabegani, ashike kipande cha chaki kilichobaki ukubwa wa punje ya hindi, atembee kwa viatu vilivyoachama mbele. Watu watacheka kabla hajafungua kinywa. Wote wamekwisha kumtambua: huyu ni mwalimu.

Jambo hili linastahili kutazamwa kwa makini, maana mhusika huyu si mgeni kwa wasomaji wa jarida hili. Wengi wetu tulifundishwa naye, wengine ni watoto wake wa kuzaa, na sehemu kubwa ya wanafunzi wa vyuo vya ualimu katika eneo letu watakuwa yeye baada ya kupata shahada. Kwa hiyo tunapouliza jinsi futuhi za televisheni zinavyomchora mwalimu wa shule ya serikali, tunauliza pia picha ipi inawangojea vijana hawa siku watakaposimama mbele ya darasa.

Makala haya yanakusudia kujibu maswali matatu. Kwanza, mwalimu wa futuhi ameumbwa kwa vitu gani, hasa kwa lugha gani? Pili, umbo hilo linafanana vipi na lile la nchi jirani na la nchi za mbali? Tatu, katika kicheko hicho ni nani hasa anayechekwa: mwalimu, au ule ukosefu wa fedha uliomfikisha hapo? Tutaonyesha kwamba swali la tatu ndilo lenye uzito, na kwamba jibu lake hutegemea zaidi ni nani anayepewa nafasi jukwaani kuliko ukali wa maneno yanayosemwa.

2.0 Shule ya serikali ni shule ya nani?

Kabla ya kuingia katika futuhi zenyewe, yafaa tukumbushane maana ya "shule ya serikali" nchini Kongo, kwani bila hayo vichekesho vingi havieleweki.

Mwaka 1974 serikali ya Zaire ilizitwaa shule zilizokuwa mikononi mwa makanisa. Haikuchukua muda ikaonekana kwamba mzigo ni mzito, na tarehe 26 Februari 1977 serikali ikatia saini mkataba na makanisa kuyarudishia usimamizi. Tangu wakati huo shule nyingi tunazoziita za serikali ni shule za mkataba: serikali huweka mtaala na hutakiwa kulipa mishahara, kanisa husimamia, nao wazazi hujaza pengo linalobaki. Katika Butembo na Beni, ambako makanisa ya Kikatoliki na ya Kiprotestanti yana mizizi mirefu, mwalimu mmoja huweza kuwa na mabwana watatu na asipate mshahara wa kutosha kwa hata mmoja.

Pengo hilo lilipanuka mwanzoni mwa miaka ya 1990, uchumi wa Zaire ulipoporomoka na mshahara wa mwalimu ukageuka karatasi. Ili shule zisifungwe, wazazi walianza kutoa mchango wa kumtia moyo mwalimu, ule uliokuja kuitwa primu. Kilichoanza kama dawa ya muda kikadumu zaidi ya robo karne. Mtoto ambaye mzazi wake hakulipa alirudishwa nyumbani, na aliyemrudisha, machoni pa mtoto, alikuwa mwalimu wake mwenyewe.

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika ibara ya 43, ilitamka kwamba elimu ya msingi katika shule za umma ni ya lazima na ya bure. Hata hivyo ilichukua miaka 13 kabla ya tamko hilo kuanza kutekelezwa nchi nzima, mwezi Septemba 2019. Mwezi Juni 2020 Benki ya Dunia iliidhinisha dola milioni 800 za Marekani kuunga mkono mpango huo. Watoto wakaja kwa wingi, lakini walimu wengi walikuwa bado hawajaingizwa katika orodha ya malipo ya serikali, na primu ilikuwa imekwisha kufutwa. Mwezi Oktoba 2021, mwaka wa masomo ulipofunguliwa, walimu wa shule nyingi za Kikatoliki waligoma.

Katika eneo letu mambo haya yalikuja juu ya mengine. Mauaji ya raia katika wilaya ya Beni yalianza Oktoba 2014. Ebola ilitangazwa tarehe 1 Agosti 2018 na kumalizika tarehe 25 Juni 2020, baada ya kuua watu zaidi ya 2,200. Mwezi Aprili 2021 wanafunzi wa Beni walikaa mbele ya ofisi ya meya wakidai amani, na tarehe 6 Mei mwaka huohuo utawala wa kijeshi ukaanza kutekelezwa katika Kivu ya Kaskazini na Ituri. Shule zetu zimefungwa kwa hofu ya bunduki, zimefungwa kwa hofu ya ugonjwa, na nyingine zimegeuzwa makazi ya waliohama vijiji vyao. Futuhi ya shule katika mazingira kama haya haiwezi kuwa mchezo mwepesi, hata inapojifanya nyepesi.

3.0 Televisheni na mchezo wa Kiswahili

Televisheni ya taifa ilianza Kinshasa mwaka 1966. Michezo ya kuigiza iliyoifanya ipendwe na watu, hasa ile ya Kundi la Salongo, ilikuwa kwa Kilingala. Mtu wa Butembo aliyeiona alicheka kwa macho zaidi kuliko kwa masikio. Mchezo wa Kiswahili katika televisheni ya nchi yetu ulipata makao yake Lubumbashi, ambako kundi la Mufwankolo liliigiza kwa Kiswahili cha Shaba, redioni na katika televisheni.

Kundi hilo ni muhimu kwetu kwa sababu moja zaidi. Mwanaanthropolojia Johannes Fabian alifanya kazi nalo mwaka 1986, akaandika kwa urefu maneno ya waigizaji tangu mazungumzo ya matayarisho hadi mchezo kamili, na mwaka 1990 akachapisha kitabu juu ya kazi hiyo. Mchezo wenyewe ulizungumzia madaraka na jinsi yanavyoliwa. Ulitungwa wakati wa Mobutu, na kisa chake kiliwekwa kijijini, kwa chifu. Mtazamaji aliyetaka kuona chifu tu aliona chifu. Aliyetaka kuona zaidi hakuzuiwa. Kumbuka jambo hili, msomaji, kwa kuwa tutalirudia: katika mchezo wa Mufwankolo mwenye madaraka alikuwapo jukwaani, ana jina, ana mwili, na watu walimcheka usoni.

Baada ya hotuba ya Mobutu ya tarehe 24 Aprili 1990 iliyoruhusu vyama vingi, redio na televisheni za binafsi zilianza kuchipuka. Wakati huohuo filamu na vichekesho vya Kiswahili kutoka Tanzania na Kenya viliingia katika masoko yetu, kwanza kwa kanda, halafu kwa sahani, na leo kwa simu za mkononi. Hivyo mtazamaji wa Butembo amelelewa na mikondo miwili: ule wa Lubumbashi, unaotumia Kiswahili cha Kongo kilichochanganyika na Kifaransa, na ule wa mashariki, unaotumia Kiswahili cha Dar es Salaam au cha Nairobi. Vijana wetu wanaoigiza michezo mifupi huchota katika visima vyote viwili.

4.0 Umbo la mhusika na lugha yake

Mwalimu wa futuhi ni mhusika bapa. Hana jina la nyumbani. Anaitwa "Mwalimu" tu. Alama zake ni chache na hazibadiliki: koti, chaki, fimbo, daftari la mahudhurio, njaa. Henri Bergson, katika kitabu chake juu ya kicheko kilichotoka mwaka 1900, alieleza kwamba tunacheka pale uhai unapofungwa na ugumu wa mashine, pale mtu anapoendelea na desturi yake ingawa hali imebadilika. Mwalimu wa futuhi anafaa sana kwa maelezo hayo. Anaendelea kupanga mistari, kusahihisha herufi na kudai kimya, ingawa paa linavuja, watoto wameketi juu ya mawe, na tumbo lake linanguruma. Kanuni zimebaki nzima; vitu ambavyo kanuni zilitungiwa vimetoweka.

Lakini alama iliyo nzito kuliko koti na chaki ni lugha. Sera ya elimu ya Kongo huruhusu lugha za taifa, kwetu Kiswahili, katika miaka ya kwanza ya shule ya msingi, kisha Kifaransa hutawala. Kwa hiyo mwalimu ni mtu anayevuka mpaka wa lugha kila siku, na futuhi humnasa hapo mpakani. Tutunge mfano mfupi, katika Kiswahili kinachosemwa mjini kwetu:

MWALIMU: Silence! Toeni makaye.
MTOTO: Mwalimu, kaye yangu iliisha tangu juzi.
MWALIMU: Na baba yako anasema nini?
MTOTO: Anasema eti masomo iko bure, basi na kaye nayo iko bure.
MWALIMU (akiwageukia watazamaji): Masomo iko bure, kaye iko bure, na miye pia niko bure!

Mazungumzo haya mafupi yana tabaka tatu za lugha. Neno la kwanza ni la Kifaransa, nalo ni la amri. Ni koti la lugha, linalovaliwa mbele ya darasa. Neno "kaye", yaani daftari, limekwisha kuzaliwa upya katika Kiswahili na hata kupewa wingi wake. Sentensi ya mwisho ni ya Kiswahili kitupu, naye mwalimu haisemi kwa mtoto bali kwa watazamaji. Ndio mtindo wa kawaida katika michezo ya aina hii: Kifaransa ni cha kuamuru, Kiswahili ni cha kusema ukweli. Na mwigizaji akitaka kuonyesha uchungu wa ndani kabisa, wa mtu aliye peke yake na mke wake jioni, hukimbilia Kinande.

Kiini cha kichekesho kimo katika neno "bure". Neno hili lina maana tatu zinazokaa pamoja. La kwanza ni "bila malipo", ndiyo maana iliyokusudiwa na katiba. La pili ni "bila faida, bila matokeo", kama tunaposema mtu amehangaika bure. La tatu ni tusi: mtu wa bure, yaani asiye na thamani. Baba wa mtoto ametumia maana ya kwanza. Mwalimu anaanza na hiyo hiyo, halafu kwa maneno mawili, "niko bure", anateremka ngazi zote tatu: silipwi, nahangaika bila faida, na mmeniona mtu bure. Kifaransa, ambacho sera iliandikwa ndani yake, hakina neno moja linalobeba maana hizo tatu kwa pamoja. Sera ilipoingia katika Kiswahili, iliingia pamoja na kejeli yake.

Hapa ndipo tunapoweza kutofautisha futuhi nzuri na dhaifu kwa kutumia lugha tu. Katika futuhi dhaifu, mwalimu huchekesha kwa sababu Kifaransa chake kimevunjika: anakosea jinsia ya nomino, anachanganya nyakati, anajivuna kwa neno asilolijua. Mtazamaji hucheka ujinga. Katika futuhi nzuri, mwalimu anajua lugha yake barabara, na huchekesha kwa sababu anaitumia kwa ustadi katika hali isiyomwachia kitu kingine. Mtazamaji hucheka hali.

5.0 Walimu wa majirani

Tofauti hiyo inaonekana pia tukivuka mpaka. Nchini Kenya, ambako televisheni ilianza mwaka 1962, desturi ya futuhi za Kiswahili ni ndefu: vipindi kama Vioja Mahakamani na Vitimbi vilifunza vizazi viwili kucheka lafudhi, hila na majivuno ya mtu wa kawaida. Kipindi cha Kiingereza kiitwacho Mind Your Language, kilichotengenezwa Uingereza kati ya 1977 na 1979, nacho kilipata wapenzi wengi huko. Darasa lake la wageni wanaojifunza Kiingereza lilijengwa karibu lote juu ya lafudhi, na baadaye lilikosolewa kwa kugeuza mataifa kuwa vikaragosi.

Katika mkondo huo alikuja Teacher Wanjiku, mhusika wa mchekeshaji Caroline Wairimu, aliyepata umaarufu katika kipindi cha Daniel Ndambuki, maarufu kwa jina la Churchill. Huyu ni mwalimu wa kike anayesema Kiingereza kwa lafudhi nzito ya Kikuyu. Ni rahisi kudhani kwamba anachekwa kwa lafudhi tu. Ukimsikiliza kwa makini utaona kwamba lafudhi ni mlango. Akishaingia, yeye ndiye anayeshika chaki, naye watazamaji huwa darasa lake. Lafudhi humshusha, cheo cha ualimu humpandisha, na kicheko huzaliwa katikati.

Nchini Uganda, Herbert Segujja anatumia jina la Teacher Mpamire na anajulikana zaidi kwa kuiga sauti na mwendo wa Rais Museveni. Muungano huu si wa bahati nasibu. Mwalimu ni mtu ambaye jamii imemzoea kusimama mbele, kurudia maneno, kukemea na kushauri. Rais hufanya hivyohivyo. Mchekeshaji akivaa ualimu amepata ruhusa ya kusema kwa sauti ya mkubwa huku akiwa na mfuko wa mdogo. Hapo ualimu umekuwa kinyago cha kusemea juu ya madaraka.

Majirani hawa walipitia kabla yetu mlango tuliopitia mwaka 2019. Uganda ilifuta ada za shule za msingi mwaka 1997, Tanzania ilifuata mwanzoni mwa miaka ya 2000, Kenya Januari 2003. Kila mahali watoto walifika kabla ya madawati, na mwalimu mmoja akajikuta mbele ya umati. Kwa hiyo darasa lililofurika ni mali ya pamoja ya futuhi za Afrika ya Mashariki. Lililo letu zaidi ni mwalimu ambaye hayumo katika orodha: anafundisha kila siku, wanafunzi wake wanafaulu mitihani ya serikali, lakini kwa serikali bado hajazaliwa. Kenya na Tanzania zinamjua mwalimu wa mshahara mdogo. Mwalimu asiye na mshahara kabisa katika shule ya serikali ni mhusika aliyetungwa na Kongo.

6.0 Mifano ya mbali

Ukosefu wa fedha katika shule za umma si msiba wa nchi maskini peke yake, na futuhi za Marekani zimelishuhudia hilo. Katika katuni ya The Simpsons, iliyoanza mwaka 1989, shule ya msingi ya Springfield imechakaa tangu mwanzo. Sehemu moja iliyoonyeshwa mwaka 1995 ilihusu mgomo wa walimu. Mwalimu Edna Krabappel anadai fedha, mkuu wa shule Skinner anasema hakuna, wazazi hawataki kodi ipande. Suluhisho la mwisho ni shule kupangisha nafasi yake kwa gereza, wafungwa wakae palepale na watoto. Kicheko hapo ni kikali, lakini tazama kinavyogawanywa: mkuu wa shule anapata fungu lake, mwalimu lake, na mzazi mbahili lake.

Mfano wa karibuni zaidi ni Abbott Elementary, iliyoanza kuonyeshwa na shirika la ABC mwezi Desemba 2021. Mtunzi wake, Quinta Brunson, ni binti wa mwalimu wa watoto wadogo wa Philadelphia, na jina la shule alilitoa kwa mwalimu aliyemfundisha yeye mwenyewe. Kisa kimewekwa katika shule ya msingi ya umma mjini humo, na wanafunzi wengi ni Waamerika Weusi. Katika sehemu ya kwanza, mwalimu kijana Janine Teagues anahitaji zulia jipya la darasa kwa sababu la zamani limekojolewa. Fedha zinapatikana, lakini mkuu wa shule, Ava Coleman, anazitumia kutengeneza bango la shule lenye sura yake. Zulia hatimaye linapatikana kwa njia ya panya, kupitia mwalimu Melissa Schemmenti, ambaye daima "anamjua mtu". Msomaji wa Butembo hahitaji kufasiriwa jambo hilo: kwetu linaitwa ibara ya 15, yaani jisaidie.

Mwaka 2022 mchezo huo ulipata tuzo tatu za Emmy. Mojawapo ilimwendea Sheryl Lee Ralph, anayeigiza Barbara Howard, mwalimu mkongwe, mcha Mungu, asiyetetereka. Mhusika huyu anastahili kuchunguzwa na wanafunzi wetu. Anachekesha, lakini hachekwi kamwe kwa kutojua kazi. Watoto wake wanasoma. Umaskini wa shule haujamfanya kuwa kikaragosi. Umemfanya kuwa fundi wa kupima lini apigane na lini anyamaze. Waliotengeneza mchezo walichukua hata sehemu ya fedha za matangazo wakanunulia walimu vifaa vya darasani.

Tusivutwe mno, hata hivyo. Mwalimu wa Philadelphia analalamikia taa inayopepesa; wa kwetu hana taa. Shule ya Abbott ina wilaya ya elimu inayoweza kuandikiwa barua, ina vyama, ina mahakama. Mfano huu haufai kunakiliwa kama ulivyo. Unafaa kwa jambo moja, nalo ni mpangilio wa wahusika.

7.0 Mhusika asiyeonekana

Tukiiweka pamoja mifano yote, jambo moja linajitokeza. Kwa Mufwankolo, chifu anayekula madaraka yupo jukwaani. Springfield, mkuu wa shule na wazazi wapo. Philadelphia, Ava na bango lake wapo. Katika michezo mingi mifupi ya kwetu wapo watatu tu: mwalimu, mtoto na mzazi. Serikali haina mwigizaji.

Sababu zake zinaeleweka. Ya kwanza ni ya kisanaa: mchekeshaji huiga kile alichokiona, na katika shule ya kijijini serikali haionekani. Kwa miaka mingi mishahara ilihesabiwa na idara iliyoitwa SECOPE, ambayo mwalimu aliijua kama orodha tu. Tangu serikali ilipoanza kulipa kupitia benki mwaka 2011, fedha hutoka mjini, na mahali pasipo benki zimepelekwa kwa msaada wa Caritas. Ni vigumu kuiga mwendo wa orodha. Sababu ya pili ni ya fedha: michezo hii hutengenezwa kwa mfuko mdogo, na waigizaji watatu ni rahisi kuliko sita. Ya tatu ni ya hofu. Chini ya utawala wa kijeshi, mchekeshaji hupima maneno yake mara mbili, na mwalimu ni mtu asiyeweza kumdhuru.

Matokeo yake ni makubwa kuliko sababu zenyewe. Pale aliyesababisha hayupo jukwaani, kicheko, ambacho lazima kiangukie mtu, humwangukia aliyepo. Mwalimu anayeomba kikombe cha maharage kwa mzazi anaonekana mwombaji kwa tabia. Mwalimu anayelala darasani anaonekana mvivu, ingawa alfajiri alikuwa shambani ili watoto wake wapate sombe. Mtoto anayetazama anajifunza kwamba ualimu ni kazi ya aliyeshindwa kupata nyingine. Wahenga walisema mcheka kilema hafi hakijamfika. Nasi tunaweza kuongeza kwamba anayemcheka mwalimu wake leo huenda kesho akakosa wa kumfundishia mwanawe.

Wapo wanaoitetea futuhi hii kama ilivyo. Husema kwamba mwalimu hakuwa na sauti yoyote, na kwamba afadhali kuonekana ukichekwa kuliko kutoonekana kabisa. Husema pia kwamba walimu wenyewe ndio watazamaji wake wakubwa, na hucheka kuliko wote. Hoja hizi zina nguvu. Kicheko cha pamoja ni kitulizo, na katika eneo lililozika watu wengi kama letu, kitulizo si kitu cha kudharauliwa. Lakini kujicheka mwenyewe na kuchekwa na wengine ni mambo mawili. Sentensi "niko bure" ikisemwa na mwalimu anayejua maana zake zote tatu ni mashtaka. Ikisemwa juu yake na mtu mwingine, imebaki ile maana ya tatu peke yake.

Kwa hiyo tunapendekeza maswali matatu ya kuipima futuhi yoyote ya shule. Je, mwalimu anayechorwa anaijua kazi yake? Je, anajua anachochekewa, au watazamaji tu ndio wanaojua? Na je, aliyesababisha hali ile ana nafasi jukwaani, hata kwa kivuli? Swali la tatu halidai ujasiri wa kumtaja waziri kwa jina. Mufwankolo alitumia chifu wa kijijini. Mchekeshaji wa Butembo anaweza kutumia orodha yenyewe: karatasi ndefu inayoingia jukwaani, inayosalimiwa kwa heshima, inayoombewa dua, na ambayo ndani yake wamo wote waliokufa isipokuwa mwalimu aliye hai. Karatasi haiwezi kumkamata mtu, na kila mtazamaji atajua ilikotoka.

8.0 Hitimisho

Tumeonyesha kwamba mwalimu wa futuhi katika eneo la Butembo na Beni ni zao la historia inayojulikana: mkataba wa 1977, primu ya miaka ya 1990, elimu ya bure ya 2019, pamoja na vita na maradhi. Tumeonyesha pia kwamba lugha yake, hasa mvutano wa Kifaransa na Kiswahili, ndiyo kitambaa alichoshonewa, na kwamba mifano ya Kenya, Uganda na Marekani hutofautiana nayo zaidi katika mgawanyo wa kicheko kuliko katika umaskini wa darasa.

Imebaki kazi ya idara zetu. Michezo hii hupita katika televisheni za mji au katika simu kwa siku chache, halafu hupotea pamoja na Kiswahili chake. Kazi aliyoifanya Fabian Lubumbashi, ya kukaa na waigizaji na kuandika maneno yao neno kwa neno, haihitaji mashine kubwa wala fedha nyingi. Inahitaji kalamu, kinasa sauti na uvumilivu. Mwanafunzi anayetafuta mada ya tasnifu ya mwisho anaweza kuanza kwa kunakili michezo kumi, akapanga maneno ya Kifaransa, ya Kiswahili na ya Kinande kwa kufuata ni nani anayasema na kwa nani. Tukiwa na matini hizo mkononi, tutaweza kupima kama pendekezo la makala haya kuhusu mhusika asiyeonekana lina ukweli, au kama wachekeshaji wetu wamekwisha kupata njia ya kumwingiza jukwaani kabla sisi hatujaiona.